Akopaye milioni 4 atalipa milioni 12

Jumamosi moja mwezi uliopita mpwa wangu aliniomba tukutane Kariokor. Yeye ni mwalimu wa shule ya upili, mtu wa miaka 31, na hana mazoea ya kuita watu bure. Tuliketi katika kimojawapo cha vibanda vya nyama choma pale sokoni, nyuma ya wauza viondo na mafundi wa viatu vya akala, na kabla nyama haijakatwa akatoa bahasha ya kaki mfukoni. "Mjomba," akaniambia, "wewe ndiwe daktari wa lugha katika ukoo huu. Nisomee barua hii uniambie inasema nini."

Ilikuwa barua ya kurasa 11, imeandikwa kwa Kiingereza kile ambacho mawakili huzungumza na mawakili. Taasisi moja ya fedha ilikuwa imekubali kumkopesha shilingi milioni 4 ili anunue fleti ya vyumba viwili. Riba ni asilimia 14 kwa mwaka, muda ni miaka 20, na malipo ya kila mwezi ni shilingi 49,741. Katika kurasa zote hizo mpwa wangu alikuwa amepigia mstari tarakimu moja tu, hiyo ya 49,741. Alikwisha kuulinganisha mshahara wake na wa mkewe, akaona wataweza. Kilichobaki kwake kilikuwa kutia saini.

Sikumlaumu. Mimi nililelewa hapa hapa Kariokor, katika nyumba ya kupanga ya manispaa, na najua hamu ya mtu aliyekulia katika nyumba isiyo yake. Mtaa wenyewe una jina la deni. Asili ya neno Kariokor ni Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa Kiafrika waliobebeshwa mizigo ya jeshi la Waingereza katika vita vya 1914 hadi 1918, kama ilivyo asili ya Kariakoo ya Dar es Salaam. Wapagazi wengi walikufa, na mishahara ya wengi wao haikuwafikia jamaa zao. Basi mtoto wa Kariokor akiona maghorofa mapya ya Park Road kule Ngara, si mbali na sokoni, asipotamani kuwa na mlango wake mwenyewe atakuwa na kasoro.

Lakini nilimwomba kalamu, nikaigeuza bahasha, nikazidisha 49,741 kwa miezi 240. Jibu ni shilingi 11,937,840. Nikamsogezea. Aliitazama hesabu ile kama mwanafunzi anayetazama mtihani wa mtu mwingine. Mkopo ni milioni 4, malipo ni karibu milioni 12, na kwa hiyo riba peke yake ni karibu milioni 8. Fleti moja ananunua kwa bei ya fleti tatu, na mbili katika hizo hatazikalia kamwe.

Msomaji aliyefundisha hisabati atasema kwamba hili si jambo la ajabu, ni kanuni ya riba ya kawaida. Ni kweli. Hata hivyo mpwa wangu hufundisha kemia, hesabu kwake si mlima, na bado barua ile ilimpita. Ilimpita kwa sababu jumla hiyo haikuandikwa popote katika kurasa 11. Kulikuwa na kiasi cha mkopo, kiwango cha riba, idadi ya miezi na malipo ya mwezi. Vipande vyote vya sentensi vilikuwapo, ila sentensi yenyewe haikutamkwa.

Tuendelee na bahasha, maana jumla ni nusu tu ya habari. Riba ya mkopo wa namna hii hutozwa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 4 kamili, nayo riba ya mwezi huo ni shilingi 46,667. Ukitoa kiasi hicho katika 49,741 zinabaki shilingi 3,074 pekee, na hizo ndizo zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hizo elfu 3, riba nayo inapungua kidogo mno, na mwendo unakuwa wa kobe hivyo hivyo. Baada ya miaka 5 mpwa wangu atakuwa ametoa shilingi 2,984,460, ilhali deni lake litakuwa bado ni takriban milioni 3.735. Yaani katika kila shilingi 100 alizotoa, zilizogusa deni hazifiki 9. Baada ya miaka 10, nusu kamili ya safari, atakuwa bado anadaiwa milioni 3.2. Watu wengi hudhani kwamba nusu ya muda ni nusu ya deni. Anayelazimika kuuza nyumba katika mwaka wa saba, kwa sababu ya uhamisho, ugonjwa au talaka, ndipo hugundua kwamba muda wote huo alikuwa akilipa kitu kingine.

Hapo ndipo nilipomwonyesha jambo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo kiini cha suala hili lote. Sisi huuliza riba ni asilimia ngapi, tukabishana kama ni 13 au 14, ilhali anayetugharimu zaidi ni muda. Mkopo ule ule wa milioni 4, kwa asilimia ile ile 14, ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, malipo ya mwezi ni shilingi 53,270. Tofauti ni shilingi 3,529 kwa mwezi. Lakini jumla inashuka kutoka karibu milioni 11.94 hadi karibu milioni 9.59, na mkopaji ameokoa zaidi ya milioni 2.3. Sasa ugeuke upande wa pili: ukiombwa uchukue miaka 25 ili "upumue", malipo yanapungua kwa takriban shilingi 1,590 tu kwa mwezi, nayo jumla inapanda hadi milioni 14.4. Pumzi hiyo inauzwa milioni 2.5.

Mimi mwenyewe niliinunua. Nilikopa mwaka 2012, nikiwa na shahada ya uzamivu na kiburi chake, nikachagua miaka 25 kwa kuwa malipo ya mwezi yalionekana mepesi. Sikupiga hesabu ya kuzidisha hata mara moja. Mwaka 2024 nililetewa barua yenye habari iliyoonekana njema: ingawa riba imepanda, malipo yangu ya mwezi hayatabadilika, ila muda wa mkopo "umerekebishwa". Kurekebisha, katika Kiswahili chetu, ni kukifanya kitu kiwe sawa. Nilipouliza nikaambiwa kwamba muda umesogezwa mbele miaka 4. Mtu wa isimu anayedanganywa na kitenzi kimoja hana budi kunyamaza kidogo, nami nilinyamaza.

Nirudi basi kwa barua ya mpwa wangu, maana katika ukurasa wa tatu palikuwa na sentensi ya ukoo ule ule. Ilisema kwamba kiwango cha riba kinaweza kubadilishwa wakati wowote. Ni sentensi ya kutendwa isiyo na mtenda. Kwa Kiingereza hupita kimyakimya. Lakini mwambie bibi yeyote wa Pumwani kwamba bei ya sukari "imebadilishwa", naye atakuuliza papo hapo, imebadilishwa na nani? Nilimtafsiria mpwa wangu sentensi ile kwa kumtaja mtenda: sisi tunaokukopesha twaweza kuongeza riba tukiona inafaa, nawe utalipa. Alisema kwamba hiyo ni barua nyingine kabisa.

Wala si hofu ya kubuni. Mwaka 1993 riba ya hati za muda mfupi za Serikali ya Kenya ilipita asilimia 70, na waliokuwa na mikopo ya nyumba wakati ule wanakumbuka miaka iliyofuata. Septemba 2016 sheria iliyobana riba isizidi pointi 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu ilianza kutumika, nasi wenye madeni tukashukuru. Novemba 2019 ikafutwa. Februari 2024 kiwango cha Benki Kuu kilifika asilimia 13, na mikopo mingi ikapanda juu zaidi ya hapo, kisha kuanzia Agosti mwaka huo kikaanza kushushwa. Hayo yote yametokea ndani ya miaka 8. Mkataba wa mpwa wangu ni wa miaka 20. Hebu tuchukulie kwamba baada ya miaka 2 tu riba yake inapandishwa kutoka 14 hadi 17. Deni lake wakati huo litakuwa takriban milioni 3.915, na riba ya mwezi mmoja itakuwa zaidi ya shilingi 55,000. Akiachwa aendelee kulipa 49,741 zake kama kawaida, malipo hayo hayatatosha hata riba, na deni litakuwa linakua huku yeye analipa bila kukosa.

Katika vyumba vya walimu nimesikia kauli ya kufariji, kwamba sheria ya Kenya hairuhusu mtu alipe zaidi ya maradufu ya alichokopa. Kauli hiyo ni nusu ya ukweli, na nusu hiyo ni hatari. Kanuni ipo: ni kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika 2007, nacho kinajulikana kwa jina la Kilatini in duplum. Lakini kinahusu mkopo ulioacha kulipwa. Pale mkopaji anaposhindwa, riba itakayoongezwa kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni lililokuwapo siku alipoanza kushindwa. Anayelipa kwa uaminifu kila mwezi hana kinga hiyo, naye aweza kulipa mara tatu bila sheria yoyote kuvunjwa. Sidai kwamba kanuni ni mbaya. Imewaokoa wengi waliokuwa wakidaiwa madeni yasiyo na mwisho. Nasema tu kwamba isisomwe kama ngao ya kila mkopaji.

Maneno yenyewe, kwa bahati, hayakuficha kitu. Riba latokana na Kiarabu, na shina lake lina maana ya kuongezeka. Rehani pia ni la Kiarabu, dhamana iliyoshikiliwa. Neno mortgage la Waingereza walilitoa katika Kifaransa cha kale, na maana yake ni dhamana iliyokufa. Nalo neno letu la Kibantu, kukopa, kamusi za zamani zililipa maana mbili: kuchukua kwa ahadi ya kulipa, na kudanganya. Wahenga hawakuona taabu kuziweka maana hizo katika nyumba moja.

Ujanja wa kuificha riba ndani ya lugha ni wa kale hapa kwetu. Zanzibar, katika karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20, wenye mashamba ya karafuu walikopa kwa wafanyabiashara wa Kihindi. Kwa kuwa dini iliharamisha riba, mikataba mingi iliandikwa kama mauzo, kwa jina la bei khiyari: mwenye shamba "aliuza" shamba lake, akabaki na hiari ya kulikomboa, na wakati huo huo akaendelea kulitumia kwa kulipa "kodi". Kodi ile ndiyo iliyokuwa riba. Kufikia miaka ya 1930 madeni yalikuwa yamewalemea kiasi kwamba serikali ya kikoloni ilibidi itunge amri za kuwazuia wadai wasiyatwae mashamba. Mkataba ulisema mauzo, mkopaji alisikia msaada, na mdai alihesabu riba, kila mmoja akiwa na tafsiri yake.

Sasa niwe mwadilifu, maana wachumi watanigombeza. Kwanza, shilingi ya mwaka 2045 haitakuwa na uzito wa shilingi ya leo. Malipo ya 49,741 yatakuwa mepesi kadiri mishahara inavyopanda, ilhali kodi ya kupanga hupanda pamoja na bei za vitu. Hoja hiyo ni ya kweli, ila inamfaa zaidi mwenye riba isiyobadilika, na riba ya mpwa wangu hubadilika kufuata bei hizo hizo. Pili, sheria ya kodi humruhusu anayelipia nyumba anayoishi kuondoa riba katika mapato yanayotozwa kodi, na tangu mwisho wa 2024 kiwango kimepandishwa kutoka shilingi 300,000 hadi 360,000 kwa mwaka. Kwa mwalimu anayetozwa asilimia 30, hiyo ni nafuu ya hadi 108,000 kwa mwaka, na ni upuuzi kutoidai. Lakini riba ya mwaka wa kwanza wa mkopo huu ni takriban 557,000, basi nafuu haifuniki yote. Upande wa pili wa mizani kuna ushuru wa stampu, ambao mjini kwa kawaida ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba, ada ya wakili, ada ya mthamini, bima ya maisha na bima ya moto. Mambo haya hulipwa mapema, aghalabu kwa mkopo mwingine wa chama cha akiba, na ni nadra kuhesabiwa kama sehemu ya bei ya nyumba.

Tatu, kuna mikopo iliyo nafuu. Kampuni ya kitaifa ya kufadhili mikopo ya nyumba, KMRC, ambayo Benki Kuu iliipa leseni 2020, huzipa benki na vyama vya akiba fedha kwa riba ndogo ili nazo zikopeshe kwa karibu asilimia 9. Milioni 4 kwa asilimia 9 kwa miaka 20 ni shilingi 35,989 kwa mwezi, na jumla ni milioni 8.6. Bado ni zaidi ya maradufu, lakini milioni 3.3 zimebaki nyumbani. Mpwa wangu hakuwa ameuliza kama anastahili mkopo wa aina hiyo, wala hakuna aliyemdokezea. Katika nchi iliyohesabiwa watu milioni 47.6 mwaka 2019, mikopo ya nyumba ilikuwa takriban 30,000 tu mwishoni mwa 2023. Wakopaji ni wachache mno kiasi kwamba ujuzi haujasambaa mitaani kama ulivyosambaa ule wa kuweka akiba ya chama au kununua kiwanja.

Kwa hiyo sikumwambia asikope. Nilimwambia akope kama anayejua anachonunua. Angependa miaka 15, lakini sheria ya ajira hairuhusu makato yapite theluthi mbili za mshahara, na hati yake ya mshahara tayari ina mkopo wa chama. Nikamwonyesha njia ya pili. Mwishoni mwa mwaka wa kwanza, akipata shilingi 100,000 za ziada, za kusahihisha mitihani au za shamba, azilipe moja kwa moja kwenye deni lenyewe. Laki hiyo moja itafuta malipo ya miezi 24 ya mwisho, yaani takriban milioni 1.2, mradi riba isibadilike. Laki hiyo hiyo akiilipa katika mwaka wa kumi na nane haitafuta hata malipo ya miezi 3. Ila kwanza ahakikishe, kwa maandishi, kwamba ziada itapunguza deni wala haitahesabiwa kama malipo ya mwezi ujao, na kwamba hakuna faini ya kulipa mapema.

Nina hoja moja ya kiraia, nami naielekeza kwa walimu na wanafunzi wao hasa. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 7, imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi. Kifungu cha 46 kinampa mtumiaji haki ya habari anazohitaji ili anufaike na huduma anayoilipia. Ukiviweka vifungu hivyo viwili kando kwa kando, sioni kwa nini mtu atie rehani miaka 20 ya maisha yake kwa karatasi isiyokuwa na ukurasa mmoja wa Kiswahili, wenye jumla atakayolipa, deni litakalobaki baada ya miaka 5 na 10, na kiasi ambacho malipo yatafikia riba ikipanda pointi 3. Hesabu hizo kompyuta huzitoa kwa nukta moja. Mwalimu wa kidato cha tatu aweza kuzifundisha kwa kipindi kimoja, badala ya ule mfano wetu wa zamani wa bomba linalojaza tangi.

Na kuna gharama isiyo na tarakimu. Mkopaji akishindwa, Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka apewe notisi ya miezi 3, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya nyumba kuuzwa. Sheria hiyo hiyo inataka mwenzi wa ndoa aridhie nyumba ya familia inapowekwa dhamana. Nilimuuliza mpwa wangu kama mkewe amesoma barua. Alisema amemweleza. Nikamuuliza amemweleza nini. Akajibu, shilingi 49,741.

Aliondoka na bahasha iliyojaa hesabu pande zote mbili, nami nikabaki kulipia nyama. Jumatatu jioni akanipigia simu. Alikuwa amekwenda na mkewe, wakamuuliza afisa wa mikopo jumla ya malipo ni kiasi gani. Afisa, kijana mwenye adabu, alibonyeza mara mbili akawasomea: milioni 11.9. "Mbona haimo katika barua?" mkewe akauliza. Yule kijana akasema kwamba tangu aanze kazi hakuna mtu aliyewahi kuiuliza.

Hawajatia saini. Barua iliwapa siku 30 za kuamua, zimesalia 6, na ombi la mkopo wa asilimia 9 limepelekwa kwingine.